Kijana kapata BHMS India, walimu wanashtakiana: aende?

Dada uliyeleta mada, salaam. Umesema kijana wako kapata nafasi ya BHMS, yaani shahada ya homeopathi, aina ya tiba mbadala, kwenye chuo cha serikali India, na umesikia walimu wa pale wako mahakamani kugombania vyeo. Mimi nimesoma huko, miaka minne na nusu darasani na mmoja wa mafunzo hospitalini, na kesi ya namna hiyo ilinikuta nikiwa katikati ya masomo.

Mara nyingi huanza hivi. Serikali ya jimbo inachelewa kuajiri, chuo kinaziba pengo kwa walimu wa mkataba. Mtu anafundisha miaka mitano, kumi, mkataba ukiisha anapewa mwingine. Siku tume ya utumishi ya jimbo inapotangaza nafasi, vijana wanafanya usaili na kuajiriwa moja kwa moja. Orodha ya ukongwe kazini, ile inayotumika kupandisha vyeo, ikitoka, kijana yuko juu ya aliyemfundisha. Kwetu ilimpata mwalimu wa famasia. Nilimwona kwenye ubao wa matangazo anapitisha kidole jina kwa jina, akafika chini, akaanza tena juu.

Alifungua shauri Mahakama Kuu ya jimbo. Siku za kesi alipanda treni ya usiku na jalada lake kwenye mfuko wa kitambaa, sisi tukabaki maabara hatuna wa kutusimamia.

Sheria haiwapi watu kama yeye njia rahisi. Mwaka 1990 Mahakama ya Juu ya India, katika kesi ya wahandisi wa Maharashtra, iliamua kwamba ukongwe unahesabika tangu mtu alipoajiriwa kwa kufuata kanuni, na aliyeshikizwa tu kwa muda nje ya kanuni hahesabiwi muda ule. Lakini hukumu hiyohiyo ikasema aliyekaa kwenye nafasi mfululizo mpaka akathibitishwa kwa kanuni, muda wake uhesabiwe. Mawakili wanavutana hapo katikati miaka nenda miaka rudi. Halafu mwaka 2006, kesi ya Umadevi, mahakama ikasema kukaa sana kwenye kibarua hakukupi haki ya ajira ya kudumu, ingawa iliagiza serikali ziwafikirie mara moja tu waliotimiza miaka 10 kwenye nafasi halali. Mimi naona ni uonevu kumtumia mtu miaka kumi na moja kisha umwambie hukuingilia mlango wenyewe. Ila najua pia kuna aliyengoja tangazo kwa haki, akafanya mtihani na kufaulu, naye ana neno lake.

Sasa mwanao inamhusu vipi? Orodha ikipingwa na mahakama ikaweka zuio, kupandisha watu vyeo kunasimama. Nafasi ya profesa inabaki wazi, idara inakaimiwa. Na Tume ya Taifa ya Homeopathi, iliyochukua nafasi ya baraza la zamani Julai 2021, inahesabu walimu idara kwa idara. Chuo kikipungukiwa kinaweza kunyimwa ruhusa ya kudahili. Ugomvi wa vyeo peke yake usikutie hofu, hofia viti vitupu.

Kwa hiyo ulizia mambo mawili kabla ya kulipa nauli: ruhusa ya kudahili ya mwaka huu ipo? Na idara za masomo makuu ya homeopathi, yaani Materia Medica (dawa), Organon (misingi ya tiba) na Repertori (orodha ya dalili na dawa zake), zina walimu wangapi wa kudumu? Jibu usilichukue ofisini tu. Mtafute mwanafunzi wa mwaka wa tatu, muulize jana alifundishwa na nani. Na mwanao akirudi Tanzania ajue usajili wake ni kwa Baraza la Tiba Asili na Tiba Mbadala, mjiandae mapema.

Mwalimu wangu kesi yake ilikuwa haijaisha nilipoondoka. Siku ya mtihani wa mwisho wa vitendo alitoka treni asubuhi ileile, akaja moja kwa moja maabara na mfuko wake begani, akasimama nasi mpaka saa kumi jioni.