Moyo unapiga, ubongo umekufa: je, kuondoa mashine ni kuua?

Swali: Mchungaji, Bwana asifiwe. Ninaandika kutoka Vihiga. Mdogo wangu alianguka na pikipiki na sasa yuko ICU katika hospitali moja ya Kisumu, anapumulia mashine. Madaktari wanasema ubongo umekufa. Lakini mwili una joto, moyo unapiga, na juzi mkono ulisogea nikiuona. Mama, ambaye ni wa kanisa la Friends (Waquaker), anasema tukikubali mashine iondolewe tutakuwa tumevunja amri ya "Usiue". Mjomba ni Mkatoliki, anasema kanisa lao linaruhusu. Nani yuko sawa?

Jibu: Dada yangu, poleni sana, na umfikishie mama pole zangu. Mimi ni mchungaji wa hospitali na wodi hizo ndiko ninakoshinda, kwa hiyo niruhusu nianzie kitandani kabla ya kufungua Biblia.

Moyo haungoji amri ya ubongo ili upige. Una sehemu yake ndogo inayozalisha umeme wenyewe, na ukipata oksijeni utaendelea. Kupumua ni jambo jingine: amri yake hutoka kwenye shina la ubongo, pale ubongo unapoungana na uti wa mgongo. Shina likifa, mtu hawezi kuvuta pumzi hata moja. Ila mashine ikisukuma hewa, damu huzunguka na ngozi hubaki na joto. Mkono uliosogea huenda uliamriwa na uti wa mgongo, ambao una miitikio isiyopita kwenye ubongo. Wakati mwingine mikono yote miwili huinuka na kukutana kifuani. Madaktari huiita ishara ya Lazaro, jina ambalo binafsi silipendi, kwa kuwa limewapa jamaa wengi tumaini lisilokuwepo.

Hata hivyo, msikubali habari hiyo kwa kuambiwa kwenye korido. Kifo cha ubongo si koma, wala si ile hali ya mtu anayefumbua macho bila kutambua chochote. Hao wawili wako hai. Ombeni kikao na daktari, mumuulize: chanzo cha jeraha kinajulikana? Dawa za usingizi zimeisha mwilini? Mwili haukuwa baridi kupita kiasi? Mboni za macho, kikohozi, na masikio kwa maji baridi vilipimwa? Na muhimu zaidi, kipimo cha kupumua kilifanywa? Katika kipimo hicho mgonjwa hupewa oksijeni, mashine huacha kumsukumia hewa, kaboni dioksidi huachwa ipande kwenye damu, na madaktari hutazama kama kifua kitajiinua chenyewe. Kama majibu hayajakamilika, subirini.

Mama huenda anaikumbuka Mwanzo 2:7, kwamba Mungu "akampulizia puani pumzi ya uhai, mtu akawa nafsi hai." Sisemi kwamba Musa aliandika kanuni za ICU. Lakini kipimo kile kinauliza jambo lililo karibu sana na aya hiyo: je, mwili huu bado una pumzi yake, au una hewa ya mashine tu?

Kuhusu mjomba, ana msingi. Mwaka 1957 Papa Pius wa XII, akiwajibu madaktari wa nusukaputi, alisema hakuna wajibu wa kutumia njia zisizo za kawaida kurefusha maisha, na kwamba kuthibitisha saa ya kifo ni kazi ya daktari. Mwaka 1968 kamati ya Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani, ikatoa vigezo vya kifo cha ubongo. Mwaka 2000 Papa Yohane Paulo wa II alikubali kwamba ubongo wote ukikoma kabisa bila kurejea, na vipimo vikifanywa kwa ukali, hiyo ni dalili ya kutosha kwamba mtu amekufa. Hakusema roho inakaa kichwani. Thomas Akwino, mwanateolojia wa Enzi za Kati, alifundisha zamani kwamba roho ndiyo inayouhuisha mwili wote. Hoja ya Papa ni kwamba ubongo ukifa, viungo haviunganiki tena kuwa mwili mmoja ulio hai.

Si Wakristo wote walioridhika. Alan Shewmon, daktari wa mishipa ya fahamu na Mkatoliki, aliwahi kukitetea kigezo hicho, kisha akageuka. Mwaka 1998 aliandika kuhusu miili iliyoendelea kwa wiki, miezi, hata zaidi, ikiwa kwenye mashine. Hoja yake ni nzito na sitaki kuifichia familia yenu. Mimi bado nakubaliana na kigezo, lakini tazama: hata anayemfuata Shewmon anaweza kuondoa mashine kwa dhamiri safi, maana kuacha tiba isiyo na faida kwa mgonjwa si kuua. Katekisimu ya Kanisa Katoliki inasema hivyo katika namba 2278. Tofauti ingekuwa kubwa kama mngeombwa viungo vya kupandikizwa, maana kwa anayemwona mgonjwa bado hai, kuvitoa kungekuwa kumuua; lakini hapa kwetu figo kwa kawaida hutoka kwa ndugu aliye hai.

Mama akitaka kuombea muujiza, aombe, na asikemewe na mtu. Mwambieni tu kwa upole kwamba Mungu aliyemfufua Lazaro siku ya nne hakuhitaji kitu chochote kimshikilie pale kaburini. Ningependa pia aalikwe kuona kipimo cha kupumua kwa macho yake, hospitali ikiruhusu na yeye akitaka. Nimeona wazazi wakisaidiwa na hilo kuliko mahubiri yangu.

Jambo la mwisho ni bili, kwa kuwa najua kikundi cha WhatsApp cha mchango kimeshaanza na maneno yatafuata: "Walizima kwa sababu ya pesa." Vipimo vikithibitisha kifo, saa ya kifo ni ile ya vipimo, si ile mashine itakapoondolewa. Mwombeni daktari awaonyeshe ilivyoandikwa kwenye faili, na mjomba aisome mbele ya ukoo.