Soko la filamu za wanawake lipo

Kaka, unasema filamu zinazoongozwa na wanawake hazina watazamaji hapa Nairobi. Wapo! Septemba 2018 Mahakama Kuu iliposimamisha marufuku ya filamu ya Rafiki kwa siku 7 tu, watu walimiminika kwenye sinema ya Prestige Plaza, Barabara ya Ngong, hadi tiketi zikaisha. Mwongozaji wake ni Wanuri Kahiu. Na wanawake hawajaanza jana: Anne Mungai alitoa filamu ya Saikati mwaka 1992.

Shida ninayoiona mimi iko kwenye ajira. Kwa mavazi na vipodozi wanawake wamejaa. Kwa kamera, taa na sauti ni wa kuhesabu. Kazi zenyewe nyingi hulipwa kwa siku, tena kwa kujuana, kwa hiyo anayeitwa ni yule aliyeitwa mara ya mwisho. Halafu picha zinapigwa hadi usiku wa manane, na prodyuza hajapanga gari la kumfikisha mtu Rongai au Kayole. Mama mwenye mtoto mchanga atarudi kweli? Mimi ningeanza na hilo gari, kisha malipo yatolewe wiki hiyohiyo, si baada ya miezi.