Jibu: Gego la mama. Dada, Alhamisi usiweke kidole kwenye ile tableti

Ile tableti, kompyuta ya kioo ya kusainia, watakayokusogezea Alhamisi, irudishe. Usiiguse hata kwa kuifuta vumbi. Nimesoma ujumbe wako nikiwa kazini, mapumziko ya robo saa, chai imepoa mbele yangu, nikasema huyu dada anaingia shimo lile lile nililotumbukia mimi, na alama za kucha zangu bado ziko ukutani.

Kwa mnaoingia sasa: dada yuko El Cajon, California. Mama yake ana miaka 58, ana Medi-Cal kamili (bima ya afya ya serikali ya California kwa wenye kipato kidogo), gego la chini linamuuma wiki ya tatu hii. Kliniki imemwambia Medi-Cal hailipii magego ya watu wazima, ila kwa huruma yao watamtibu mzizi wa jino na kulivika jino kofia, yaani kifuniko cha kulilinda, kwa dola 2,600, alipe kidogo kidogo, aje Alhamisi kusaini. Akauliza na mengine: meno ya bandia, kusafisha mara ngapi kwa mwaka, usafiri wa kwenda kliniki, na dada yake aliye Houston kama naye anapata hayo hayo.

Hiyo ya "hailipii magego" naijua kwa harufu. Mimi niliambiwa hivyo hivyo mwaka 2019, hapa hapa kaunti ya San Diego, nikaamini.

Aliyeniambia kwanza hakuwa daktari. Ni mzee mmoja wa kanisani kwetu, tumwite Mjuaji, maana kila kusanyiko la Waswahili lina wake. Anajua kodi, anajua uhamiaji, anajua gari lipi lisinunuliwe. Nilipomwonyesha shavu limevimba kama nimeficha andazi, akasema: "Ndugu, Medi-Cal ya meno ni ya watoto. Sisi wakubwa wanang'oa tu. Lakini kuna kliniki naifahamu, nitakupeleka." Akanipeleka kweli, kwa gari lake, na njiani akaniombea.

Sasa sikilizeni alikoitoa, maana uongo mtupu haukuwa. Sheria ya serikali kuu ya Marekani inalazimisha Medicaid (bima ya wenye kipato kidogo ya nchi nzima, ambayo kwa California ndiyo Medi-Cal) kutibu meno ya walio chini ya miaka 21. Mtu mzima, kila jimbo linaamua lenyewe limpe nini. (Ndiyo maana wa Houston asisome jibu hili kama lake. Texas ni bahili mno kwa meno ya watu wazima.) California ilipoishiwa fedha mwaka 2009 ilifuta karibu meno yote ya wakubwa, ikabakiza dharura na mambo machache. Mjuaji alifika 2010, akaambiwa hivyo, na ilikuwa kweli. Mei 2014 wakarudisha sehemu: kusafisha, kuziba, kutibu mzizi wa meno ya mbele. Magego yakabaki nje. Halafu tarehe 1 Januari 2018 wakarudisha yaliyokuwa yamebaki, mzizi wa gego ukiwemo. Mimi nilikwenda 2019! Mwaka mzima na zaidi tangu mlango ufunguliwe, na Mjuaji bado anagawa habari za 2010 kama mkate wa moto.

Yeye nitamsamehe siku moja. Wa mapokezi je, aliyeshinda mbele ya kompyuta siku nzima? Mlangoni kwao palikuwa na karatasi kubwa imeandikwa wanapokea Medi-Cal. Nikatoa kadi, akaiangalia sekunde mbili, akanirudishia: kwa watoto tu, bwana, kwa gego lako haisaidii.

Wakanipiga eksirei. Wakanipiga sindano ya ganzi. Nimekaa kwenye kiti, mdomo umekufa upande mmoja, mate yananitoka kama mtoto wa miezi sita, ndipo binti mmoja mwenye tabasamu akaja na tableti. Hapa saini ya kukubali tiba. Hapa ya siri zako. Hapa ya malipo. Kila "hapa" anatelezesha ukurasa kwa kidole chake, nami natelezesha changu. Saini niliyochora siku ile haikufanana na jina langu wala la mtu yeyote aliyewahi kubatizwa. Ilipita.

Siku kumi baadaye ikaja bahasha nyumbani, ndani yake kadi ya mkopo yenye jina langu, herufi moja imekosewa. Na mimi nikafurahi! Nikamwonyesha mke wangu: tazama, Marekani wameanza kuniamini. Mke wangu akaitazama kadi, akanitazama mimi, akarudi jikoni.

Hesabu ilikuwa hivi: mzizi dola 1,150, kofia ya jino 1,300, kusafisha chini ya fizi pande zote nne 800. Jumla 3,250. Zote zilikatwa kwenye kadi siku ile ile ya kwanza, mimi nikiwa na ganzi mdomoni. Sharti: hakuna riba ukimaliza ndani ya miezi 12. Mimi nimefundisha hesabu darasa la sita kule Uvira, Kongo, miaka minne kabla ya vita kutusukuma hadi kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Tanzania. Asilimia nimewafundisha watoto wa watu kwa fimbo na kwa upole. Nikasema nitalipa 240 kila mwezi, nitakaribia, kilichobaki nitamalizia taratibu. Mwezi wa kumi na mbili nimebakiza dola 370. Mwezi wa kumi na tatu taarifa inasoma zaidi ya 900.

Nikapiga simu nikidhani wamekosea. Hawakukosea. Riba ilikuwa asilimia 26.99, na haikuhesabiwa kwenye 370 zilizobaki. Ilikuwa inahesabiwa kimya kimya tangu siku ya sindano, juu ya deni lote la kila mwezi, imekaa pembeni inanisubiri. Ukimaliza kwa wakati, inafutwa. Ukibakiza hata dola moja, inakuangukia yote kwa mkupuo. Mwalimu wa hesabu, jamani. Wanafunzi wangu wakisoma hapa, samahanini sana.

Ndipo nikaenda kwenye ofisi ya msaada wa sheria wa bure. Dada mmoja pale akazisoma zile karatasi, akachukua kalamu nyekundu, akaniuliza: "Walikuonyesha barua ya Medi-Cal kukataa?" Nikasema hapana. Akauliza: "Waliomba?" Nikanyamaza. Hakuna aliyeomba. Medi-Cal haikunikataa, kwa sababu hakuna aliyebisha hodi kwake.

Akanichorea mistari. Mzizi wa gego: Medi-Cal ingeulipia, ikiona eksirei na kutoa kibali. Kusafisha chini ya fizi: ingelipia pia, kila upande mara moja katika miezi 24, kwa kibali. Kofia ya kutengenezwa maabara kwa gego la mtu mzima: hiyo ndiyo kwa kanuni za siku zile kwa kawaida haikulipiwa, ingawa kulikuwa na kofia ya chuma iliyolipiwa. Umeona ufundi wao? Kwa kitu kimoja kisicholipiwa wakachanganya mchele na pumba, wakaniuzia gunia zima kwa bei ya mchele. Nami nikabeba begani, nikashukuru.

Na kuna hili, lishike vizuri: daktari aliyesajiliwa Medi-Cal akikutibu kitu kinacholipiwa, anatakiwa apokee malipo ya Medi-Cal kama malipo kamili. Hana ruhusa ya kukudai nyongeza. Ndiyo maana saini yangu ilikuwa na thamani kubwa kwao. Kati ya zile "hapa" tatu, moja ilisema mimi, kwa hiari yangu na akili timamu, nimechagua kulipa mwenyewe. Hiari! Nikidondosha mate!

Nilirudishiwa nini? Dola 400. Pande mbili za kusafisha walikuwa wamenitoza na hawakuwahi kuzifanya, nikaandikiwa barua ya kudai, wakarudisha. Mengine niliyalipa mpaka senti ya mwisho, kwa sababu kidole kilikuwa kimeshasema.

Kwa hiyo kanuni yangu ni moja, mke wangu ameniandikia kwenye friji: HAKUNA KIDOLE KABLA YA JIBU LA MEDI-CAL. Si jibu la mapokezi, si la Mjuaji, si la binamu aliyewahi kufanya kazi hospitali. Jibu la Medi-Cal.

Alhamisi ukienda, nenda na mama, lakini sema hivi: tunaomba mtume maombi ya kibali Medi-Cal kwa mzizi wa jino hili, pamoja na eksirei, na tunaomba mpango wa matibabu kwenye karatasi. Karatasi, si kioo. Kwa California, kliniki ikitaka kukuingiza kwenye mkopo lazima ikupe kwanza mpango wa maandishi, na kama mgonjwa ana Medi-Cal, mpango huo lazima uonyeshe kama kuna tiba nyingine ya lazima ambayo Medi-Cal ingeilipia. Tena tangu Julai 2020 sheria iitwayo SB 639 imewakataza kukufungulia kadi ya ile riba inayojificha iliyonimaliza mimi. Ilichelewa kwangu kwa mwaka mmoja, asante sana. Lakini msijidanganye, mikopo ya kawaida bado ipo, na tabasamu la binti bado lipo.

Wakisema hawatumi maombi, ondoka. Usibishane, usilie, chukua eksirei zako uondoke. Piga 1-800-322-6384, ni laini ya Medi-Cal ya meno, Jumatatu mpaka Ijumaa, saa mbili asubuhi mpaka saa kumi na moja jioni. Sema neno moja tu, "Swahili", usubiri. Mkalimani ni bure. Mimi niliunganishwa na mama mmoja wa lafudhi ya Mombasa, akaniita "mwanangu" kabla hajajua nina miaka 47, karibu nilie. Watakupa majina ya madaktari wa karibu wanaopokea wagonjwa wapya. Na usiwapigie wale wa kadi ya bima ya afya ya mama ukidhani ndio wa meno. Kwa kaunti yetu ya San Diego meno yana njia yake, mbali na ile kampuni inayosimamia hospitali. Watu wengi hupiga kule, wanaambiwa "hatuna meno hapa", wanadhani ndiyo basi.

Medi-Cal ikikataa au ikipunguza kilichoombwa, mama ataletewa barua nyumbani yenye sababu, na ana siku 90 za kuomba kusikilizwa na jimbo. Barua hiyo usiitupe na matangazo ya pizza. Niliwahi.

Na maumivu? Najua utasema mama halali usiku. Dharura ya maumivu au uvimbe haihitaji kibali, wanaweza kumtuliza siku hiyo hiyo na Medi-Cal ikalipa. Ila hapo ndipo wanapokuwinda: "tukianza sasa hivi tunamaliza yote leo, saini tu." Atulizwe maumivu, basi, arudi nyumbani, mzizi usubiri barua. Na akikubali kung'oa, iwe kwa sababu jino limekufa, isiwe kwa sababu mtu amesema kung'oa ndiko pekee kunakolipiwa.

Watakutishia pia na kikomo cha Medi-Cal ya meno, dola 1,800 kwa mwaka. Kipo kweli, lakini si ukuta. Tiba ikithibitishwa kuwa ya lazima inaweza kukivuka, na dharura haihesabiwi humo. Mapokezi wanakitaja kama amri ya kumi na moja ya Musa.

Ah, halafu nilisahau kuwaambia. Mwaka juzi kwenye msiba nikasikia kwamba ile kliniki ilikuwa inampa Mjuaji kadi ya zawadi ya dola 25 kwa kila mtu anayempeleka. Dola 25! Yuda alau alichukua vipande thelathini. Na aliniombea njiani, msisahau hilo.

Meno ya bandia uliuliza. Yanalipiwa, na nayo yanataka kibali, kwa hiyo tunarudi kwenye friji yangu: hakuna kidole. Ya usafiri nitakuandikia jioni, msimamizi ameshanitazama mara mbili. Ukipewa ule mpango wa matibabu, upige picha, funika jina la mama, uuweke hapa tuusome pamoja kabla hujajibu chochote.

Kuna aliyeniuliza kwenye ujumbe wa faragha gego langu likoje. Kofia ilichomoka 2021 nikila mahindi ya kuchoma. Haikuvunjika, iko nyumbani kwenye kopo la kahawa pamoja na funguo za gari nililokwisha kuuza. Wageni wakiuliza ni nini, mke wangu huwaambia ni dola 1,300.