Kuediti video Mombasa: kozi au kompyuta? Jibu kwa binti wa Likoni

Binti wa Likoni ameuliza kama hela alizojiwekea alipie kozi ya kuediti au anunue kompyuta, na kama kazi hii inaweza kumlisha mtu mpaka uzeeni. Mwanangu, imesomesha watoto wangu, basi nivumilie nikujibu kwa kirefu.

Nunua kompyuta. DaVinci Resolve, programu ya kuediti, ina toleo la bure, na programu zenyewe huja na kupita. Sisi tulianza na deki mbili za VHS, moja ya kuchezesha, moja ya kurekodi. Ukigundua umesahau kitu mwanzoni mwa mkanda, hukuweza kukichomeka vingine vikasogea, unarudia vyote vilivyofuata. Ikaja MiniDV, mikanda midogo ya kidijitali: saa nzima ya picha iliingia kwenye kompyuta kwa saa nzima, ikimeza gigabaiti kama 13. Leo kadi inamwagwa kabla chai haijapoa. Ila mvivu wa kutazama alichopewa ni mvivu vilevile, deki au laptopu.

Kilichonilisha mimi ni kupamba. Kwa wasiojua huko bara, ni sherehe ya harusi ya wanawake watupu: usiku ule kina mama huvua mabuibui, bibi harusi hukaa jukwaani, simu zinaachwa mlangoni, mwanamume haingii. Kwa hiyo anayepiga picha ni mwanamke, na anayeediti ni mwanamke. Kuna mafundi wanaume hodari hapa mjini, lakini kanda hizo hawazioni ng'o. Kompyuta yangu ya kupamba haiguswi na intaneti, na familia ikichukua kazi yake, kwangu hakibaki kitu. Maana yake kazi zangu nzuri kuliko zote siwezi kumwonyesha mteja hata moja! Wateja huja kwa maneno ya kina mama, na maneno hayohayo yanaweza kukufungia mlango Mji wa Kale mzima.

Vijana hukatakata bibi harusi anapoingia kama tangazo la soda. Watu hawataki hivyo. Mimi vigelegele huvitanguliza kidogo, vinasikika kabla mlango haujaonekana. Kisha namwacha atembee. Taarabu siikati katikati ya ubeti. Mwimbaji akimaliza, ndipo naenda kwenye uso wa mamake, si kwenye keki. Na wanaopanda kutuza waonekane wote, hata yule shangazi aliyeigeuzia kamera mgongo. Asipoonekana, utapigiwa simu.

Wanaokwambia ni kazi ya kiume, waulize habari za Margaret Booth, aliyeanza Hollywood enzi za filamu bubu akaja kuwasimamia wahariri wa studio ya MGM hadi 1968. Au Thelma Schoonmaker, mzaliwa wa Algiers, 1940: Oscar 3 za uhariri, na tangu Raging Bull ya 1980 filamu za hadithi za Martin Scorsese amezihariri yeye. Mwongozaji mmoja, miaka yote hiyo. Huku kwetu anayerudi ni familia. Nimeediti kupamba ya mama, sasa naletewa ya bintiye.

Pesa ina msimu. Rajabu na Shaabani hulali, Ramadhani harusi husimama, Mfungo Mosi mbio zinaanza tena. Mwezi mtukufu mimi hufanya video za mashirika na mahoteli, ambao malipo yao huchelewa na marekebisho hayaishi (kuna hoteli moja ilibadilisha muziki mpaka ikarudi kwenye ule wa kwanza). Chukua nusu kabla ya kuanza, na usitoe kazi iliyokamilika kabla hujalipwa salio.

Kozi waachie wengine kwanza. Tafuta mama anayepiga kupamba, umbebee mikoba na taa, uone anavyopiga, halafu umwombe akuachie uediti sehemu ya chakula, ambayo hakuna anayeigombania. Hela ikibaki, nunua hedifoni za kuziba masikio. Spika za laptopu hazitakusikilizisha jenereta inayonguruma nyuma ya ukumbi.