Mjomba, kura ninapiga, ila balozi wa nyumba kumi sina

Shikamoo mjomba.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara mbili nikiwa zamu ya usiku. Umeuliza kama ni kweli sisi wageni tunapiga kura huku Scotland, na diwani wa huku ana nguvu gani kuliko wa kwetu. Ukamalizia kwa kusema nisikupambie. Basi sikupambii.

Kura ninapiga. Tanzania imo katika Jumuiya ya Madola, kwa hiyo Mtanzania anayeishi Uingereza kihalali anajiandikisha na kupiga kura zote, hata ya kuchagua mbunge wa London, yaani wa Bunge la Uingereza nzima, bila kubadili uraia. Scotland wamekwenda mbele zaidi. Sheria yao ya mwaka 2020 imempa kila mgeni mwenye kibali cha kuishi haki ya kuchagua madiwani na wabunge wa Bunge la Scotland, awe ametoka nchi gani. Jirani yangu mmoja ni Mkongo, na nchi yake haimo kwenye Madola, lakini mwaka 2022 tulikwenda wote. Hata mtoto wa miaka 16 anapiga.

Linaloniuma ni jingine. Kwetu sina kura. Wakenya waliopo Uingereza hupangiwa kituo London wakamchagua rais wao. Sisi Watanzania tulio nje hatuna utaratibu huo. Mimi ninachagua diwani wa watu wanaolima viazi na shayiri, lakini kule kilikozikwa kitovu changu sisemi kitu. Hili silizoei, mjomba, na sitaki kulizoea.

Siku yenyewe ilikuwa Alhamisi, tarehe 5 Mei 2022. Vituo hufunguliwa saa moja asubuhi na kufungwa saa nne usiku, kwa hiyo nilitoka kazini nikapitia ukumbi wa kijiji kabla ya kwenda kulala. Ndani palikuwa na meza moja ndefu na makarani wawili. Nikataja jina na namba ya nyumba. Karani akaweka rula chini ya jina langu kwenye daftari, akapiga mstari, akanipa karatasi. Kitambulisho hakuniuliza, maana kwenye uchaguzi wa halmashauri hawakidai. Kinadaiwa kwa mbunge wa London tu, na hilo limeanza baadaye. Wino wa kidole hakuna. Penseli imefungwa kwa uzi. Nje sikuona askari hata mmoja, nilimkuta mbwa amefungwa kwenye uzio anamngoja mwenyewe amalize kupiga kura.

Karatasi ndiyo ilinitoa jasho. Huweki alama ya vema. Unaandika 1 kwa unayemtaka kuliko wote, 2 kwa anayefuata, na kuendelea mpaka utakapochoka. Kata nyingi hutoa madiwani watatu au wanne, yetu ni wanne. Kukiwa na kura halali 5,000 na viti vinne, wanagawa kwa tano na kuongeza moja, kwa hiyo kiwango ni 1,001. Akikifikia mtu, amepita, na kura zake zilizozidi haziozi. Ni kama kibaba kilichojaa mchele: unaomwagika unakingwa na kibaba cha pili, yaani yule uliyemwandikia 2. Uliyemtaka akishika mkia, anatolewa, na karatasi yako inahamia kwa yule uliyemwandikia namba inayofuata. Wanahesabu kwa mashine Ijumaa yake. Walianza hivi mwaka 2007, na mwaka huo waliwachanganya watu sana, kwani siku hiyo hiyo kulikuwa na kura ya Bunge la Scotland ya kuweka alama ya msalaba. Karatasi nyingi mno ziliharibika, ndipo wakazitenganisha siku. Hata sasa karibu kura 2 katika kila 100 za udiwani zinakataliwa.

Mimi naupenda mtindo huu na ninausifia bila kuona haya. Hata walio wachache kwenye kata huweza kupata mtu wao ndani. Tena mtu anagombea bila chama. Kwetu hata kitongoji hukigombei bila kudhaminiwa na chama. Huku visiwa vya Orkney na Shetland halmashauri zao karibu nzima ni wagombea huru.

Sasa nikuambie upande wa pili.

Ulipokuwa mwenyekiti wa kitongoji, watu walikugongea usiku wa manane kwa ugomvi wa mpaka wa migomba. Shangazi alinung'unika, ukatoka na kurunzi, ukaenda. Juu yako kulikuwa na mwenyekiti wa kijiji, halafu diwani. Chini yako, balozi wa nyumba kumi. Mkutano wa kijiji ulikuwa na makelele yake na mapato yalisomwa yakiwa na mapengo, lakini tuliyemuuliza alikuwa amesimama mbele yetu chini ya mwembe.

Huku nyumba yangu na diwani hakuna mtu katikati yao. Zamani miji midogo ilikuwa na mabaraza yake. Mwaka 1975 yakafutwa, na mwaka 1996 wakapanga upya mpaka zikabaki halmashauri 32 tu kwa nchi nzima ya watu wapatao milioni tano na nusu. Ile inayoitwa Highland, ambayo makao yake ni Inverness, inakaribia ukubwa wa Rwanda nzima, na ina madiwani 74. Diwani mmoja wa vijijini huwa na vijiji vingi ambavyo havina uhusiano wowote ila barabara. Kitu kinachofanana na serikali ya kijiji ni baraza la jamii, watu wa kujitolea wasiolipwa. Lina haki ya kuulizwa maoni pakitaka kujengwa kitu. Kuamua, haliamui.

Nilijua uzito wa jambo hili kwa habari ya basi. Kampuni ya mabasi ilifuta safari ya alfajiri kwenye barabara yetu. Mimi gari sina, na zamu ya asubuhi kwenye nyumba ya wazee inaanza saa moja na nusu. Wiki ya kwanza nilitembea karibu dakika tisini gizani, mwezi wa Novemba, barabara isiyo na njia ya miguu, nimevaa koti la kung'aa nililoazimwa na mkulima. Nikatafuta wa kumlilia. Kwetu ningeanza kwa balozi. Hapa niliandika barua pepe kwa madiwani wote wanne, ndiyo faida ya kuwa nao wengi, na mmoja alijibu siku ile ile. Jumamosi akaja kusimama nami kituoni, mama wa makamo, mvua inanyesha, ana daftari lililovimba kwa maji. Akanieleza kwamba mabasi si ya halmashauri. Tangu miaka ya themanini kampuni huchagua njia zenye faida, na halmashauri yetu huilipa ruzuku ipitie zile isizozitaka. Fedha zenyewe nyingi zinatoka Serikali ya Scotland, iliyoko Edinburgh. Kodi ya nyumba wanayotoza wananchi haitoshi, na kwa miaka mingi ilizuiwa isipande. Ilichukua miezi mitano. Safari moja imerudi, ya saa kumi na mbili na dakika ishirini. Ya Jumapili haikurudi.

Yule mama alifanya kazi yake, namshukuru mpaka leo. Lakini aliniambia ana vijiji vingine kumi na moja vinavyomwandikia. Nilimwangalia akitafuta funguo za gari kwa vidole vilivyokufa ganzi, nikakukumbuka wewe na kurunzi yako.

Umeuliza pia kama watu wanagombania hivyo viti. Hapana. Yale maneno ya "kupita bila kupingwa" na huku yapo. Mwaka 2022 madiwani 18 walipita hivyo, kwa kuwa waliojitokeza hawakuzidi viti. Hakuna aliyeenguliwa, watu hawakutaka. Mshahara wa diwani mwaka ule haukufika pauni 20,000 kwa mwaka, haukuzidi wangu wa kulea wazee. Vikao ni mchana, ukumbi uko mbali, na matusi mtandaoni hayana likizo. Kwa hiyo mara nyingi anayegombea ni mstaafu, au mtu mwenye kipato kingine nyumbani. Mama mwenye zamu na watoto anakosekana, na sisi wageni tunakosekana zaidi. Kura nazo hivyo hivyo: mwaka 2022 walijitokeza asilimia 44.8 ya walioandikishwa. Nilipowauliza wenzangu wa kazini walisema, "Kwani yatabadilika?" Hawana hasira, mjomba, wamekata tamaa polepole tu, na hilo linanihuzunisha kuliko hasira.

Uchaguzi ujao ni Mei 2027. Umeniuliza kwa utani kama nitagombea. Udiwani, hapana, ingawa kwa ukaazi nilionao sheria inaniruhusu. Ila baraza letu la jamii lina viti tisa na watu wanne, na mwezi uliopita katibu alinigongea mlango, akiwa na fomu. Nimeisaini. Kikao changu cha kwanza ni Jumanne, saa moja usiku, kwenye ukumbi ule ule wa kura. Kuna ajenda ya mtaro unaofurika mbele ya shule, na nimeomba basi la Jumapili liongezwe.

Tafadhali nitumie ile picha ya muhtasari wa vikao vyako, ule ulioandika kwa mkono. Nataka kukumbuka ulivyokuwa unaanza.