Figo Imetajwa Kwenye Faili? Usikimbilie C64

Mgonjwa aliyekwenda Ocean Road, hospitali ya saratani ya Dar es Salaam, kwa rufaa anarudi Mtwara au Nachingwea na karatasi moja ya muhtasari, na ugonjwa wake wote umebanwa kwenye mstari mmoja wa vifupisho. Anayeingiza takwimu anaona figo, anaandika C64, msimbo wa saratani iliyoanzia figoni katika ICD-10 (orodha ya kimataifa ya misimbo ya magonjwa), anafungua faili linalofuata. (Tuseme msimbo humu ndani, "kodi" tuwaachie TRA.)

Chukua mistari hii miwili: "Ca lung, renal mets" na "Renal Ca, lung mets". "Ca" ni saratani, "lung" ni pafu, "renal" ni ya figo, "mets" ni saratani iliyohamia kutoka kwingine. Maneno karibu ni yale yale, ila mwelekeo umegeuka. Wa kwanza una saratani iliyoanzia pafuni ikahamia figoni: C34.9 pamoja na C79.0. Wa pili ilianzia figoni ikaenda pafuni: C64 pamoja na C78.0. Huo wa pili ndio unaoonekana zaidi, kwa kuwa saratani ya figo hukimbilia mapafu, na ndiyo maana mkono umeizoea C64. Kiswahili nacho kinatega: "saratani ya figo iliyosambaa" si "saratani iliyosambaa hadi kwenye figo". Ukiandikiwa ya kwanza, muulize daktari alimaanisha ipi.

Katika jedwali la uvimbe, juzuu ya 3 ya ICD-10, tafuta mstari wa figo kisha utembeze kidole kulia. Safu ya kwanza, saratani iliyoanzia hapo, ni C64. Ya pili, iliyohamia hapo, ni C79.0. Wengi huishia safu ya kwanza. C79.0 inabeba figo pamoja na beseni lake (sehemu inayokusanya mkojo), wakati kwenye saratani ya mwanzo beseni lina msimbo wake, C65. Ukiandika na msimbo wa aina ya chembe, mkwaju na 3 (/3) ni ya mahali ilipoanzia, mkwaju na 6 (/6) ni ya ilikohamia.

Kuna mitego ambayo hata wazoefu hunasa. "Adrenal mets" si figo. Hiyo ni tezi inayokaa juu ya figo, na msimbo wake ni C79.7. Herufi mbili za mbele zikifichwa na mwandiko mbaya, umeshakosea kiungo.

Mwingine ni wa saratani ya mlango wa kizazi. Mama analetwa kutoka Newala, altrasaundi inasema figo zote mbili zimevimba, na mtu anaandika C79.0. Mara nyingi saratani haijafika figoni kabisa: imebana mirija ya mkojo huko chini, mkojo ukarudi nyuma. Hapo ni C53.9 ya mlango wa kizazi na N13.3 ya figo iliyovimba kwa mkojo, au N13.1 ikiwa daktari ameandika kwamba mrija umesinyaa. C79.0 inasubiri daktari aandike wazi kuwa saratani imeingia kwenye figo yenyewe.

Limfoma, yaani saratani ya mfumo wa limfu, ikiingia figoni haiendi C79.0, inabaki kwenye misimbo ya limfoma, Burkitt kwa mfano C83.7. Uvimbe wa Wilms, saratani ya figo ya watoto, ni C64, maana umeanzia pale pale. Na altrasaundi iliyoona kivimbe figoni bila jibu la kinyama kilichopimwa maabara wala neno la daktari bado haijasema saratani, tumia R93.4 (picha ya njia ya mkojo isiyo ya kawaida) mpaka majibu yarudi.

Ipi itangulie? Ile iliyomlaza au iliyohudumiwa safari hii. Chukua saratani ya titi iliyohamia figoni: kama titi lilishakatwa, halina ugonjwa tena wala halitibiwi, na sasa anahudumiwa figo, C79.0 inakaa mbele na Z85.3 inafuata kama historia. Lakini kama bado yuko kwenye dawa za saratani ya titi, C50.9 ni hai, usiitupe kwenye historia. Madaktari wakitafuta ilikoanzia wasipate, na wakaandika hivyo, ongeza C80.0. Usijaze C64 kwa sababu tu nafasi iko wazi: mgonjwa atahesabiwa kwenye saratani ambayo hana, na dai la bima litaonyesha dawa za ugonjwa mmoja chini ya jina la ugonjwa mwingine.

Anayetafuta misimbo kwenye intaneti atakutana na C79.01 ya figo ya kulia na C79.02 ya kushoto. Hiyo ni nyongeza ya Marekani. ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani inaishia C79.0, haitaji upande, kwa hiyo mfumo wenu ukikataa tarakimu ya tano haujaharibika.

Kwenye fomu ya kifo mpangilio unashuka kuelekea chanzo: (a) figo kushindwa kazi, (b) saratani iliyosambaa figoni, (c) saratani ya pafu. Chanzo cha kifo ni pafu. Mstari (c) ukiachwa wazi, figo inabaki bila asili. Kabla fomu haijaondoka wodini, bana kikaratasi juu yake kwa daktari: ilianzia wapi, imefika wapi, na ya mwanzo bado inatibiwa? Akijibu kwa maneno matatu yanatosha, mradi aweke sahihi na tarehe.