Jugloni: jina limetoka wapi

Mkuu umeuliza kama jugloni, ile kemikali ya mti wa mjozi inayodhuru mimea mingine, ni jina la mtu aliyeigundua, hapana, si mtu kabisa. Jina limetoka kwa mti wenyewe, mjozi, ule unaozaa jozi ambazo wengi tunaziita wolnati, kisayansi unaitwa Juglans. Hiyo Juglans ni Kilatini cha zamani, Warumi walikuwa wanasema Jovis glans yaani kokwa ya Jupita, yule mungu wao mkubwa, matamshi yakajikunja hadi ikawa neno moja na Linnaeus, yule mtaalamu wa mimea wa Uswidi, akalichukua hivyohivyo 1753. Kwa hiyo kemikali inayodhuru mimea imebeba jina la mungu, inachekesha kidogo. Mwisho ule wa -oni ni wa wanakemia tu, unakuambia iko kundi la kemikali ziitwazo ketoni, hapa ni aina iitwayo kwinoni.

Sasa ukiona kwenye lebo "hydrojuglone" usichanganyikiwe, ni ndugu yake asiye na rangi anayekaa ndani ya mti, akikutana na hewa ndo anageuka jugloni, na hapo ndo maganda mabichi ya jozi yanakuchafua vidole kahawia siku kadhaa, vaa glavu. Na nyanya usipande karibu na mjozi mweusi (aina moja ya mjozi), zinanyauka kwa sababu ya hiyo jugloni.